Maswali ya Wasomaji: Je, Bastola ya Bati Ina Thamani?

SWALI: Mhariri, salaam. Ninaishi Columbus, Ohio, na tangu mwaka jana huenda kwenye kiwanja cha shabaha pamoja na jirani yangu, mzee mstaafu wa Kimarekani. Yeye hutumia bastola ya Ruger Mark I ya risasi ndogo za .22 (kipenyo cha sehemu 22 kwa 100 za inchi), yenye mtutu mrefu na mwembamba, aliyoinunua ujanani. Macho yake sasa yamepungua nguvu na amesema yuko tayari kuniuzia. Shemeji yangu anacheka na kusema kwamba kishikio chake ni bati lililochomelewa, na kwamba kitu cha bei rahisi hakigeuki johari kwa kuzeeka tu. Je, ni kweli? Na nitazame nini kabla sijakubali?
Msomaji, Columbus

JIBU: Kuhusu bati, shemeji yako hakukosea. Kishikio cha bastola hiyo kina pande mbili, ya kulia na ya kushoto, ambazo zilikandamizwa kwa mashine kutokana na bamba la chuma, zikachomelewa pamoja, kisha mshono ukasuguliwa hadi ukatoweka machoni. Alipokosea ni kudhani kwamba hiyo ni aibu ya kufichwa, kwa maana bila bati hilo bastola yenyewe isingekuwapo.

Mwaka 1949 William Ruger na mwenzake Alexander Sturm walianza biashara katika mji mdogo wa Southport, Connecticut, wakiwa na mtaji wa dola 50,000 uliotoka kwa Sturm. Wakati huo bastola ya .22 iliyokuwa ikisifiwa zaidi Marekani ilikuwa Colt Woodsman, kazi ya John Browning iliyoanza kuuzwa mwaka 1915, ambayo mwili wake ulichongwa kutoka katika pande zima la chuma kwa saa nyingi za fundi na mashine. Ruger alijiuliza ni sehemu ipi ya bastola inayohitaji usahihi wa kweli na ni ipi inayohitaji uimara tu. Kishikio kinahitaji uimara, kwa hiyo bamba lililochomelewa linatosha. Akiba iliyopatikana hapo ilimwezesha kuuza bastola yake ya kwanza kwa dola 37.50, bei ambayo mfanyakazi wa kawaida aliweza kuimudu.

Usahihi aliuweka juu ya kishikio. Mwili wa bastola ni bomba la chuma, na mtutu umekazwa ndani ya bomba hilo kwa hesi. Bastola inapofyatuka, kinachorudi nyuma ni boliti ya mviringo iliyo ndani ya bomba. Bomba lenyewe halisogei. Katika Woodsman, kilengeo cha nyuma kimekaa juu ya kipande kinachorudi nyuma na kwenda mbele kila risasi inapotoka, na kikilegea kidogo kwa uchakavu, shabaha nayo hulegea. Katika Mark I, kilengeo cha nyuma na cha mbele vimekaa juu ya chuma kimoja kisichosogea. Mimi huona kwamba huo ndio uzuri mkubwa wa bastola hii, kuliko hata umbo lake linaloikumbusha Luger, bastola ya zamani ya Wajerumani.

Mark I, toleo la bastola hiyo ya kwanza lenye mtutu wa inchi 6⅞ na kilengeo cha nyuma kinachorekebishwa, ilitolewa kwa ajili ya walenga shabaha mapema katika miaka ya 1950. Ilizoeleka katika mashindano ya Kimarekani ambayo mshindani husimama na kushika bastola kwa mkono mmoja, akipewa dakika 10 kwa risasi 10 za taratibu katika yadi 50, na katika yadi 25 sekunde 20, kisha sekunde 10, kwa kila risasi 5. Iliendelea kutengenezwa hadi toleo lililofuata, Mark II, lilipochukua nafasi yake mwaka 1982.

Sasa kuhusu ukaguzi. Mwombe mzee aifungue mbele yako, kwa sababu hapo utajua mengi juu ya bastola na juu ya mwenyewe pia. Atatoa magazini kwa kusukuma lachi iliyo chini ya kitako, atavuta boliti na kuhakikisha kwamba chemba, yaani mahali risasi inapokaa tayari kufyatuliwa, ni tupu, kisha ataifyatua ikiwa tupu, na kufungua kifuniko cha springi kilicho mgongoni mwa kishikio. Kuifungua ni rahisi. Kuirudisha ndiko kunakowatoa watu jasho: kijiti kinachoning'inia kwenye nyundo lazima kiangukie juu ya springi, na kikinasa pembeni, boliti hugoma kurudi hata ukiipiga kofi. Mwenye kuijua bastola yake huielekeza mdomo juu, kisha chini, akisikiliza kijiti kianguke. Wengine hukata tamaa na kuipeleka kwa fundi ikiwa ndani ya mfuko wa plastiki.

Tazama ukingo wa chemba kwa tochi. Ukiona kovu la pini ya kufyatulia, ile inayogonga risasi, shuku kwamba kuna mtu aliyesahau kurudisha kizuizi kidogo kinachoizuia pini hiyo isigonge chuma, kisha akaifyatua mara nyingi bila risasi. Usishtuke boliti isipobaki wazi baada ya risasi ya mwisho. Mark I iliundwa hivyo. Rangi nyeusi iliyofifia mahali pa kiganja iache ilivyo, maana kuipaka upya hupunguza thamani yake.

Kabla ya fedha kubadilishana mikono, hakikisha hali yako ya uhamiaji. Chini ya sheria ya shirikisho, mkazi wa kudumu anaruhusiwa kumiliki silaha, lakini mwenye viza ya muda kwa kawaida haruhusiwi, hata kama muuzaji ni jirani na rafiki.

SWALI: Nimesikia kwamba risasi ya .22 haina fataki, yaani kile kinachowasha baruti. Sasa huwakaje?
Msomaji, Mombasa

JIBU: Inayo, ila haionekani. Katika risasi kubwa, fataki ni kidonge kilichopachikwa katikati ya kitako cha ganda. Katika .22, dawa ya kuwashia husambazwa ndani ya ukingo wa ganda, na pini hugonga ukingo badala ya katikati. Ili ukingo uweze kupondwa, ganda lazima liwe jembamba, ndiyo maana risasi hizi hazibebi nguvu kubwa na ganda halijazwi tena. Dawa isipofika upande mmoja wa ukingo, risasi hugoma. Walenga shabaha wa zamani husubiri kidogo mtutu ukiwa umeelekea kwenye shabaha, hutoa risasi hiyo, huizungusha nusu mzunguko na kuirudisha chembani, na mara nyingi huwaka.