Kalenda ya hisia: nani atangaze mwezi mpya?

Ndugu yangu, umeuliza watu wa ulimwengu wako wa kubuni, ambao miezi yake hufuata hisia, watajuaje kwamba Mwezi wa Huzuni umekwisha na Mwezi wa Matumaini umeingia, ilhali kila mtu ana moyo wake. Ushauri wangu ni kwamba usiipime hisia yenyewe, bali uifunge kwenye tendo la pamoja ambalo kila mtu analiona. Katika mwambao wa Afrika Mashariki, miezi ya Kiislamu huhesabiwa tangu Mfunguo Mosi, unaoanza Ramadhani inapokwisha. Furaha ya Idi ni ya wote, lakini kinachoifungua ni mwezi kuandama na kushuhudiwa, na hata hivyo miji miwili huweza kusali Idi siku tofauti. Tofauti kama hiyo ndiyo itakayoipa hadithi yako uhai: mji wa bandarini umekwisha kuondoa matanga, wa bara ungali unaomboleza, na mdai na mdeni wake hawakubaliani iwapo siku ya kulipa imefika. Haki ya kutangaza mwezi mpya wape wafiwa wenyewe, wala si mfalme, kwani mtawala mwenye mamlaka hayo ataifupisha huzuni kila anapotaka kodi.