Kuandika maisha ya Adam Clayton Powell: ushauri kwa anayeanza

Ukipewa kazi ya kuandika maisha ya mbunge wa Marekani wa katikati ya karne ya 20, hotuba zake ziweke kando kwanza. Anza na kura. Mtu mzuri wa kujifunzia ni Adam Clayton Powell Jr., mchungaji wa kanisa la Abyssinian Baptist kule Harlem, mtaa wa watu weusi jijini New York, aliyeingia Baraza la Wawakilishi Januari 1945 kwa chama cha Democrat. Kwake utakutana na karibu kila mtego wa kazi hii.

Tengeneza jedwali la miaka kabla ya kitu kingine. Kila Bunge la Marekani lina namba yake na hudumu miaka miwili. Chukua mwaka lilipoanza, toa 1789, gawanya kwa 2, ongeza 1. Mwaka 1945 unakupa Bunge la 79, mwaka 1955 la 84, mwaka 1967 la 90. Namba za miswada huanza upya kila Bunge, kwa hiyo ukiandika H.R. 7535 (yaani muswada namba 7535 wa Baraza la Wawakilishi) bila kutaja Bunge la 84, msomaji hatajua ni muswada upi.

Hansard yao inaitwa Congressional Record. Ina toleo la kila siku na toleo lililojalidiwa, na namba za kurasa hazilingani. Chagua moja ulinukuu hilo hilo mpaka mwisho. Jambo zito zaidi ni kwamba mbunge aliruhusiwa kusahihisha maneno yake kabla ya kuchapwa, na hata kuingiza hotuba ambayo hakuitoa. Alama ya kutofautisha hotuba za namna hiyo ilianza kutumika mwaka 1978, wakati Powell ameshafariki. Basi usiandike "alisimama akasema" mpaka gazeti la siku ile likuthibitishie.

Sasa tuje kwenye kura yenyewe. Mwaka 1956 uliletwa muswada wa fedha za serikali kuu kujenga shule, huo H.R. 7535. Powell akapeleka marekebisho: fedha zisiende kwa majimbo yanayokaidi uamuzi wa Mahakama ya Juu wa 1954 dhidi ya ubaguzi wa rangi shuleni. Marekebisho yakapita, 225 kwa 192. Muswada wenyewe ukaanguka, 194 kwa 224. Anayeanza husoma kura ya kwanza akaandika kwamba wabunge 225 waliunga mkono usawa. Sivyo. Wengi wa Republican waliopinga fedha hizo toka mwanzo waliyapigia marekebisho kura ya ndiyo, wakijua kuwa yakishaingia Wademocrat wa Kusini, waliotetea ubaguzi huo, watauacha mkono muswada.

Hili utalibaini kwa kuchora, si kwa kukisia. Andika majina yote, weka safu mbili, moja ya marekebisho na moja ya muswada, kisha gawa makundi manne: ndiyo-ndiyo, ndiyo-hapana, hapana-ndiyo, hapana-hapana. Lipange kundi la ndiyo-hapana kwa chama na jimbo. Humo ndimo ilimo siri ya siku ile. Majina yaliyochapishwa wawili wawili chini ya kura ni ya wabunge waliokubaliana kura zao zifutane, mmoja huku na mmoja kule. Usiyajumlishe. Wanazuoni wanabishana hadi leo kama muswada ungepita bila Powell, kwa hiyo usimtwike lawama yote kwa sentensi moja.

Kumbuka pia kwamba kabla ya 1971 kura katika Kamati ya Bunge Zima hazikurekodiwa kwa majina. Marekebisho yaliyopita humo yaliweza kupigiwa kura ya majina Baraza liliporejea. Yaliyokataliwa yaliishia humo humo. Usipoyaona majina, usipoteze wiki nzima kuyatafuta.

Powell aliongoza Kamati ya Elimu na Kazi kuanzia 1961 hadi Januari 1967. Hapa watu humpa sheria zisizo zake. Sheria ya elimu ya 1965 ilipita katika kamati yake, lakini aliyewasilisha muswada barazani ni Carl Perkins wa Kentucky. Andika "aliupitisha katika kamati", inatosha, na si kazi ndogo.

Mtego mkubwa ni wa Machi 1, 1967. Kamati ya Emanuel Celler, iliyochunguza jinsi Powell alivyotumia fedha za umma, ilipendekeza Powell, aliyekuwa amechaguliwa tena lakini hajaapishwa, aapishwe, akemewe, atozwe dola 40,000 na apoteze ukongwe wake, yaani daraja alilolipata kwa miaka yake barazani. Baraza likakataa, 202 kwa 222, kufunga mjadala na kupigia kura pendekezo hilo. Likaingiza marekebisho ya kumzuia kiti, 248 kwa 176, kisha likapitisha azimio zima, 307 kwa 116. Ukinukuu 307 peke yake, utadhani theluthi mbili walitaka atoke. Kwenye 248 haikufika. Tofauti hiyo ni nzito, kwa sababu Katiba inadai theluthi mbili kumfukuza mbunge aliyekwisha kuapa, na Spika McCormack alikuwa ameamua kwamba wingi wa kawaida unatosha.

Mahakama ya Juu ilimpa Powell ushindi Juni 16, 1969: Baraza haliwezi kumzuia aliyechaguliwa akiwa ametimiza umri, uraia na ukaazi. Lakini usiandike kwamba Mahakama ndiyo iliyomrudisha. Alichaguliwa tena Novemba 1968, akaapishwa Januari 1969 kwa faini ya dola 25,000 na bila ukongwe, miezi mitano kabla ya hukumu. Mwaka 1970 alishindwa na Charles Rangel katika kura za mchujo ndani ya chama, si katika uchaguzi mkuu.

Ukifika kwenye nyaraka, tenga mafungu mawili. Faili za kamati ni mali ya Baraza na zimo Hifadhi ya Taifa ya Marekani, kundi la 233. Kwa kawaida hufunguliwa baada ya miaka 30, na zile za uchunguzi wa watu baada ya 50. Kwa enzi ya Powell miaka hiyo imeshapita. Barua za ofisi ya mbunge ni mali yake binafsi. Huenda ziko chuo fulani, huenda kwa familia, na ruhusa ya kuzisoma huombwa huko.