Programu ya mkopo inataka kusoma majina yote kwenye simu yangu

SWALI: Ninauza vitenge sokoni na ninahitaji mtaji wa haraka. Nimeelekezwa programu ya simu inayokopesha bila dhamana, lakini inataka kwanza niiruhusu kusoma majina na namba zote nilizohifadhi, ujumbe mfupi na picha. Je, nikubali?
Msomaji, Mwanza

JIBU: Ndugu msomaji, si kila taarifa anayoomba mkopeshaji ina hila ndani yake. Mfanyabiashara asiye na hati ya nyumba wala kadi ya gari hana cha kuweka rehani, na kumbukumbu za miamala yake ya simu ndizo zinazoweza kumfanya akopesheke. Huduma kama M-Pawa, ya akiba na mikopo kwa simu, iliyoanza mwaka 2014, imejengwa juu ya msingi huo.

Majina yaliyomo kwenye simu ni jambo jingine kabisa. Namba za wateja wako, za mkweo na za mwalimu wa mtoto wako hazimwonyeshi mkopeshaji kama vitenge vinauzika. Zinampa watu wa kuwatumia ujumbe siku utakapochelewesha rejesho, ujumbe unaokuita tapeli na kuwataka wakubane ulipe. Wengi wamedhalilishwa hivyo na mikopo ambayo mitaani huitwa kausha damu. Tena hizo ni taarifa za watu ambao hawakukopa wala hawakuulizwa, na kwa maoni yangu huna haki ya kuzigawa kwa niaba yao. Usikubali.

Uliza pia kama mkopeshaji ana leseni, kwa kuwa Novemba 2024 Benki Kuu ya Tanzania ilitangaza majukwaa na programu 69 zilizokuwa zikikopesha bila kibali. Mtaji wa vitenge ningeutafuta kwanza kwenye VICOBA, yaani vikundi vya kuweka akiba na kukopeshana, ambako wanaokudhamini wameridhia wenyewe.

Ikiwa umekwisha kuruhusu, kuondoa ruhusa kwenye mipangilio ya simu, au hata kuifuta programu, huzuia usomaji mpya tu. Nakala iliyokwisha kupelekwa kwao hubaki. Waandikie ukitaka ifutwe, ukitaja Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, inayotaka taarifa zinazokusanywa zisizidi mahitaji ya lengo lililotajwa. Hifadhi nakala ya barua hiyo pamoja na kila ujumbe wa vitisho, ukiwemo ule waliotumiwa jamaa zako, na wakikaidi upeleke malalamiko Tume ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi.