Nimemfukuza kwa wizi: je, ujira wake ni halali kwangu?

SWALI: Sheikh, nina duka la vifaa vya ujenzi Tanga. Mtunza stoo wangu wa miaka mitatu nimemkamata akiuza saruji kinyemela. Amekiri mifuko 6, ila stoo imepungua 20. Mfuko ni shilingi 17,000. Nilimfukuza papo hapo. Alikuwa amefanya kazi siku 17 kati ya 26 za mwezi, kwa mshahara wa 390,000, nami nimeuzuia. Wenzangu wanasema mwizi hana haki, wakataja kisa cha Hind, mke wa Abu Sufyan. Lakini ana watoto wadogo, na sina raha.

JIBU: Kuibiwa na uliyemkabidhi funguo kunauma, na Allah akufidie kwa kheri. Kumwachisha kazi si dhulma: binti wa Madyan alimsifu mwajiriwa bora kwa nguvu na uaminifu (Qur'ani 28:26), na huyu uaminifu ameupoteza. Tatizo ni ujira.

Wenzako wamekosea kukitumia kisa cha Hind. Mtume (s.a.w.) alimruhusu achukue katika mali ya mumewe, aliyekuwa hampi matumizi ya kutosha, kinachomtosha yeye na wanawe kwa wema. Haki yake ya matumizi ilikuwa wazi, na akawekewa mpaka. Wewe una mifuko 6 iliyothibiti kwa kukiri, na 14 ya dhana tu. Mifuko hupasuka, huganda kwa unyevu, na mizigo hupokelewa bila kuhesabiwa. Huyu ni ajiri khaas, yaani mwajiriwa anayemfanyia kazi mwajiri mmoja, mkono wake ni wa amana: halipi kilichopotea ila kwa hiyana au uzembe uliothibiti. Ushahidi ni juu yako unayedai. Akikana, ale kiapo. Na wizi wa saruji unafutaje jasho la siku 17? Katika hadith qudsi (kauli ya Allah iliyosimuliwa na Mtume) iliyopokewa na Bukhari, Allah amejitangaza kuwa hasimu wa aliyefanyiwa kazi yote na mwajiriwa kisha akamnyima ujira. Mtume pia amekataza kumfanyia hiyana aliyekufanyia hiyana. Wanaofundisha kinyume cha haya wanawalisha watu haramu.

Hesabu yenyewe: siku 17 ni 255,000, na mifuko 6 ni 102,000. Deni kwa deni hukatana, lakini mlifunga mkataba chini ya sheria ya ajira ya Tanzania ya 2004. Inataka umpe maelezo ya hasara kwa maandishi na nafasi ya kuyapinga, na makato yasizidi robo ya ujira, yaani 63,750. Mlipe 191,250 pamoja na siku za likizo anazodai. Baki ya 38,250 ni deni shingoni mwake. Mpe muda, au umsamehe kwa ajili ya watoto wale.

Kufukuza papo hapo pia kuna kasoro. Mtume alimwelekeza Ali asihukumu baina ya wawili mpaka amsikie wa pili. Kanuni za ajira za 2007 nazo zinadai taarifa ya maandishi ya angalau saa 48 kabla ya kikao cha kumsikiliza, naye aje na mwenzake au mwakilishi wa chama cha wafanyakazi. Usipofanya hivyo, akipeleka shauri Tume ya Usuluhishi na Uamuzi ndani ya siku 30, unaweza kushindwa ilhali wizi ni wa kweli. Basi tengua kauli yako kwa maandishi, msimamishe kwa mshahara kamili, mpe tuhuma zote, umsikilize, ndipo uamue. Akiachishwa kihalali kwa kosa hili, kiinua mgongo hakimlazimu mwajiri. Na usimtangaze msikitini wala sokoni. Ukiulizwa na anayetaka kumwajiri, mwambie ya mifuko 6 tu. Wallahu a'lam.