Kwa unayeanza kufungua giaboksi

Mdogo wangu uliyepokelewa gereji wiki hii, hapa Mtwara utashika giaboksi nyingi za malori, hasa korosho zikianza kushuka kutoka Newala na Tandahimba. Kabla hujaomba spana, omba karai safi.

Mwaga oili humo, iache itulie, kisha pitisha sumaku taratibu. Ikinasa unga laini wa kijivu, mfano wa majivu, usishtuke. Vyuma vinavyosuguana lazima vilike kidogo. Ikinasa vipande vyenye kona, kuna jino limemeguka. Na chenga za njano zinazobaki kwenye karai, sumaku isizinase, ni shaba: hapo zitazame ringi za sinkronaiza, zile zinazolinganisha mwendo wa gia kabla hazijashikana.

Mwaka wangu wa kwanza niliruka hatua hiyo. Lori lilikuwa linachomoa gia ya tatu kwenye mteremko wa Newala. Nikabadilisha gia, nikafunga. Siku ya nne likarudi na ugonjwa ule ule, mzigo wa watu umelala njiani. Kumbe uma unaosukuma gia ulikuwa umelika ncha. Nilikuwa nimeushika mkononi, nikaufuta kwa kitambaa, nikaurudisha. Mwenye gari alilipia gia ambayo hakuihitaji, na jambo hilo linaniuma mpaka leo.

Vijana hupenda kuniuliza habari za magari ya mashindano. Iko kampuni ya Uingereza, Hewland, iliyoanzishwa na Mike Hewland mwaka 1957. Giaboksi zake za mwanzo za mashindano zilijengwa ndani ya kasha la Volkswagen Beetle, gari la mtu wa kawaida kabisa. Kazi kubwa ilikuwa gia za ndani. Mimi habari hiyo hunipa moyo sana.

Gia nyingi za mashindano zina meno yaliyonyooka. Za kwetu meno yamelala mshazari: hushikana polepole, kwa hiyo hazipigi kelele, lakini husukuma shafti upande na kuitesa beringi. Ndiyo maana nasema ishike shafti kwa mkono uitikise kabla hujalaumu gia. Tena giaboksi nyingi za mashindano hazina sinkronaiza kama zetu. Gia hushikwa na meno machache manene, ya kuingia kwa kishindo. Dereva akisitasita, kona za meno hayo huviringika. Kwa hiyo mafundi wao hufungua giaboksi ikiwa bado nzima, wakakagua jino moja moja.

Sisi tunaletewa ikishavunjika. Basi gari likija kwa kazi nyingine, hata kubadilisha pleti ya klachi tu, muombe dereva ruhusa uangalie oili ya giaboksi. Wengi watakubali ukiwaonyesha kilichonasa kwenye sumaku.

Ukifungua, tandika gunia safi, panga vitu kwa mfuatano uliovitoa. Uma wa zamani ulaze kando ya mpya, upeleke nje penye jua, tazama ncha zote mbili.