Maswali ya Wasomaji: Singo ya Misfits iliyotoka bendi ikiwa imekwisha kufa

Barua nyingi za toleo hili zimetoka Lubumbashi, na zinahusu wimbo mmoja wa panki ya kutisha, “Die, Die My Darling”. Tumechagua nne.

Jambo yenu bandugu. Hapa Katuba tunabishana kila jioni. Mimi nasema “Die, Die My Darling” ni ya Metallica, maana iko kwenye simu yangu kwa jina lao. Yaya, mkubwa wangu, anasema ni ya watu wa zamani zaidi. Nani ana haki?

Yaya ana haki. Wimbo ni wa Misfits, kundi lililoanza mwaka 1977 huko Lodi, mji mdogo wa New Jersey, Marekani. Mtunzi ni mwimbaji wao, Glenn Danzig. Kwenye rekodi hiyo Jerry Only anapiga besi, mdogo wake Doyle gitaa, na Robo, aliyetoka kundi jingine la panki, Black Flag, yuko kwenye dramu.

Ubishi wenu unatokana na historia ya singo yenyewe, yaani santuri fupi iliyobeba wimbo huo. Misfits walipiga onyesho la mwisho Detroit tarehe 29 Oktoba 1983, wakaachana. Singo ilitoka Mei 1984, kwa lebo (kampuni ya kutoa rekodi) ya Danzig mwenyewe, Plan 9, ikiwa santuri ya inchi 12 yenye “We Bite” na “Mommy, Can I Go Out and Kill Tonight?” upande wa pili. Wakati huo Danzig alikuwa tayari na kundi jipya, Samhain. Singo ikaingia sokoni bila bendi ya kuzunguka nayo majukwaani na bila kampuni kubwa ya kuisukuma. Wimbo mzuri namna ile ulibaki kwa miaka mikononi mwa wapenzi wachache.

Waliouchukua huko na kuupeleka duniani ni Metallica, bendi ya metali. Mpiga besi wao, Cliff Burton, aliwapenda Misfits hata akachorwa tatuu ya fuvu, alama yao, mkononi. Alikufa kwenye ajali ya basi huko Sweden, Septemba 1986. Mwaka uliofuata wenzake walimalizia EP (santuri fupi kuliko albamu) yao ya nyimbo za watu wengine kwa “Last Caress” na “Green Hell” zilizounganishwa, zote za Misfits. “Die, Die My Darling” waliirekodi mwaka 1998 kwa albamu *Garage Inc.*, pamoja na prodyuza Bob Rock, wakaitoa kama singo mwaka 1999. Hiyo ndiyo iliyo kwenye simu yako.

Ukitaka kuhakikisha, usiangalie jina la faili, maana majina hayo huandikwa ovyo. Angalia muda. Ya Misfits inapita dakika 3, ya Metallica haifiki dakika 2 na nusu. Kisha sikiliza sauti. James Hetfield, mwimbaji wa Metallica, anabweka. Danzig anaimba kwa sauti nzito na laini, kama mtu wa nyimbo za mapenzi za miaka ya 1950, na maneno anayoyatoa ni ya muuaji. Kwetu sisi hofu yote ya wimbo imekaa hapo, na hakuna aliyeurudia akaifikia.

Jina la wimbo limetoka wapi? Na picha ya singo ilichorwa na nani? (Msomaji wa Bel-Air)

Jina ni la filamu. Mwaka 1965 kampuni ya Hammer ya Uingereza ilitoa *Fanatic*, iliyoongozwa na Silvio Narizzano. Tallulah Bankhead anacheza mama mfiwa anayemfungia ndani msichana aliyekuwa mchumba wa marehemu mwanawe. Ilipofika Marekani ikaitwa *Die! Die! My Darling!*. Danzig alichota hivyo mara nyingi: hata Plan 9, jina la lebo, ni la filamu ya Ed Wood.

Picha imetolewa kwenye jalada la toleo la 19 la *Chamber of Chills*, jarida la katuni za kutisha la kampuni ya Harvey, mwaka 1953. Aliyelichora jalada hilo ni Lee Elias. Fuvu maarufu la kwenye mafulana ni jambo jingine kabisa: limetoka kwenye filamu ya mfululizo ya 1946, *The Crimson Ghost*, na lilikuwa tayari kwenye singo yao ya 1979, “Horror Business”.

Sisi ni vijana wanne wa Kamalondo: gitaa moja, besi, dramu na mwimbaji. Tunafanya mazoezi ya wimbo huu, lakini gitaa linatoka kama matope, dramu inakimbia, na tukipiga pamoja na rekodi tuliyoipata hatulingani hata kidogo. Tunakosea wapi?

Anzeni na hilo la kutolingana, maana huenda kosa si lenu. Nyuzi zikiwa katika mkazo wa kawaida, uzi mnene wa gitaa ukiachwa wazi hutoa E, karibu hezi 82.4. Ukishushwa nusu toni, unatoa hezi 77.8. Pakueni kwenye simu programu ya kupimia sauti, pigeni na rekodi, msikie ni ipi inayokubaliana. Zote mbili zikikataa, huenda rekodi yenyewe ina kasi mbaya: mtu aliitoa kwenye santuri au kanda inayozunguka haraka au polepole. Kasi ikizidi kwa karibu asilimia 6, sauti hupanda nusu toni. Ikizidi asilimia 3, mnaangukia katikati ya noti mbili na gitaa halitakubali kamwe. Tafuteni nakala nyingine, au rekebisheni kasi kwa programu kabla ya kugusa nyuzi.

Matope huletwa na mambo mawili. La kwanza ni kuzidisha mkwaruzo wa sauti (distortion). Kwenye chumba kidogo, pedali ikiwa 9 kati ya 10 inaonekana tamu, ila kila noti inaongezewa sauti nyingine juu yake, na akordi ya noti tatu au nne inakuwa kelele tupu. Shusheni mpaka 5. Besi ya amplifaya iwe 4, sauti za kati 6 au 7, za juu 6. Vijana wengi hukata sauti za kati kwa kuwaiga watu wa metali. Kwa gitaa moja tu hilo ni kosa, kwa kuwa besi na sahani za dramu zitalimeza.

La pili ni akordi zenyewe. Pigeni noti mbili tu: mzizi kwenye uzi wa 6, na ya pili kwenye uzi wa 5, vitufe (nafasi kati ya vyuma vya shingo) viwili mbele. Mfano, G: uzi wa 6 kitufe cha 3, uzi wa 5 kitufe cha 5. Nyuzi zilizobaki zizibwe kwa tumbo la kidole cha shahada. Mkono wa kulia upige kwenda chini peke yake. Ukipiga chini na juu, pigo la juu linakuwa jepesi na wimbo unapoteza uzito wake. Kipande cha kupigia kiwe kigumu, milimita 0.88 hadi 1, nyuzi za inchi .010 hadi .046 zinatosha, na mkishusha nusu toni chukueni za .011.

Dramu: hesabuni mapigo ya rekodi kwa sekunde 15, zidisheni kwa 4. Anzeni mazoezi kwa asilimia 70 ya hesabu hiyo, mkiongeza mapigo 4 kila mnapomaliza wimbo mzima bila kosa. Mpiga dramu hukimbia hasa wenzake wanapoingia kuitikia kwa kelele, basi fanyeni sehemu hiyo peke yake, na metronomu (kifaa cha kuhesabu mapigo) masikioni mwake. Wimbo huu ni wa mwendo wa wastani ukilinganisha na nyimbo nyingine za Misfits za miaka hiyo. Ukiukimbiza, mwimbaji hapati nafasi ya kubembeleza.

Jifunzeni mapigo kwenye toleo la Metallica, maana kila kitu kinasikika wazi, kisha mwimbaji ajifunze kwa Danzig. Waitikiaji wasimame watatu mbele ya maikrofoni moja, nusu mita hivi, wasiimeze.

Na umeme: ukipanda na kushuka, amplifaya ya volti 220 hupoteza nguvu na huweza kuungua. Wekeni regileta, kifaa cha kusawazisha umeme, na umeme ukikatika zimeni swichi kabla haujarudi.

Tunataka kurekodi toleo letu kwa Kiswahili na kuliweka mtandaoni. Ni ruhusa?

Kuna haki mbili, na watu huzichanganya. Rekodi ni mali ya mwenye lebo. Mkipiga wenyewe tangu mwanzo, hiyo hamuigusi. Utunzi ni wa Danzig, na haubadiliki hata ukirudiwa mara mia. Ni kama “Masanga”, ambayo mkusanyaji wa muziki Hugh Tracey aliirekodi Jadotville, Likasi ya leo, mwaka 1952: wapiga gitaa wangapi wameipiga, na bado ni ya Mwenda Jean Bosco.

Nchini kwetu Kongo sheria ni ile ya tarehe 5 Aprili 1986, namba 86-033, na shirika linalokusanya haki za watunzi ni SOCODA. Kuupiga jukwaani ni jambo la mwandaaji kulipia huko; mpeni orodha ya nyimbo yenye jina la mtunzi. Kurekodi ni ruhusa nyingine, na kubadili maneno ni nyingine tena: tafsiri ni kazi mpya juu ya kazi ya mtu, na lazima mtunzi au mchapishaji wake akubali kwa maandishi. Msambazaji wa mtandaoni akikuuliza kama wimbo ni wenu, msijibu ndiyo. Chagueni “wimbo wa mtu mwingine” na mwandike Glenn Danzig kwenye nafasi ya mtunzi. Wanaoandika jina lao wenyewe huondolewa wimbo, na mara nyingine akaunti nzima hufungwa. Kama ruhusa ya tafsiri haijafika, rekodini kwanza kwa maneno ya asili.