Jibu: Kwa nini sifuri iko juu ya Kibo?
Mkuu, umeuliza kwa nini kwenye picha niliyochora ya chimbuko la namba, sifuri imekaa juu ya Kibo, kilele cha Kilimanjaro, kama kofia. Ukiwa Moshi alfajiri, kabla wingu halijafunika, kule juu ni kweupe tu, na kreta yake, lile shimo la kileleni, ni duara kweli kama sifuri. Chini pichani ni mfupa wa kale wa Ishango, uliopatikana Kongo mwaka 1950, una alama ndogo ndogo za kuchanjwa. Wengine wanasema ni hesabu, mimi nimeamini. Moja hadi tano zinachipua ardhini, majina yake ni ya Kibantu. Sita, saba na tisa zinashuka kwenye jahazi kwa sababu majina yake yametoka Kiarabu, kama sifuri yenyewe. Nane, ya Kibantu pia, imebaki mgombani. Na yule mama asiye na uso pichani? Hapo rangi iliniishia, mkuu.